Asiyekuwapo na Lake Lipo



Mwaka huu swali moja limenifikia mara nyingi kuliko maswali yote ya mafundisho. Huja baada ya kipindi, wengine wakiwa wamekwisha kutawanyika, na waulizaji huwa wawili au watatu, kila mmoja akimsukuma mwenzake aanze. "Mwalimu, mwenzetu aliyehama ana mashine ya michezo huko aliko. Na sisi tunayo hapa Sange. Kwa nini hatuwezi kucheza naye?"

Wapo watu wazima wanaolicheka swali hilo na kusema kwamba nchi yenye shida kama zetu haina nafasi ya kushughulikia michezo ya video. Mimi silicheki. Uwanda wa Ruzizi umetawanya watoto wake kwa miaka mingi: wengine Bukavu na Uvira, wengine Bujumbura, wengine kambini, wengine ng'ambo ya bahari. Kijana anayetaka kucheza na rafiki aliye mbali anatafuta namna ya kubaki rafiki yake, na hilo ni jambo la kujibiwa kwa heshima. Basi nitalijibu kwa utaratibu, kwanza upande wa mashine, kisha upande wa watu.

Nyingi za mashine ninazoziona katika vyumba vya michezo, kando ya barabara ya taifa namba 5 itokayo Bukavu kwenda Uvira, ni PlayStation 2. Chache ni PlayStation 3. Ile ya kwanza ilianza kuuzwa Japani mwezi Machi 2000, na mpaka ilipoacha kutengenezwa, mwanzoni mwa mwaka 2013, zilikuwa zimeuzwa zaidi ya milioni 150 duniani. Ile ya pili ilitoka mwaka 2006. Kwa hiyo wengi wenu mnacheza kwa mashine zilizobuniwa kabla hamjazaliwa.

Mnajua chumba kilivyo kuliko mimi. Kuna runinga moja, benchi, betri inayochajiwa na jua au jenereta inayonguruma nyuma ya ukuta, na maneti mbili, kama mnavyoviita vile vidude vya mkononi. Wanaocheza ni wawili. Wanaongoja ni kumi. Mshindi hubaki, aliyefungwa humpisha mwingine. Hapo kuungana na wenzako hakuhitaji maelezo: unaketi, bega linagusa bega, na ukifungwa bao unalisikia sikioni kabla hujaliona kwenye kioo.

Sasa, kwa nini mashine hiyo isimfikie rafiki aliye mbali? Sababu ni tatu, na ni vizuri kuzitenganisha, kwa maana mtu asiyejua sababu hutupa fedha zake bure.

Sababu ya kwanza ni kizazi cha mashine. Kwa kawaida mchezo wa mwaka fulani hukutana na mchezo uleule wa mwaka uleule, tena katika mashine ya aina ileile. Siku hizi ipo michezo inayoruhusu mashine tofauti kukutana, lakini hiyo ni michezo mipya ya mashine mpya. PlayStation 2 yenyewe, katika umbo lake la kwanza, haikuwa na mahali pa kuchomeka waya wa mtandao. Ilibidi mtu anunue kifaa cha kuongeza. Ni umbo jembamba lililokuja mwaka 2004 ndilo lililotoka kiwandani likiwa na tundu hilo.

Sababu ya pili ni seva. Watu wawili wanapokutana kwa mchezo kupitia intaneti, mara nyingi hukutanishwa na kompyuta ya tatu, inayotunza majina yao, inayojua nani yuko tayari, na inayowaonyesha njia ya kufikiana. Kompyuta hiyo ina mwenyewe, nayo inakula umeme na mishahara. Wachezaji wakipungua, mwenyewe huizima. Nintendo ilizima huduma hiyo kwa mashine zake mbili, 3DS na Wii U, tarehe 8 Aprili 2024. Siku iliyofuata mashine ziliwaka kama kawaida, diski zilikuwa salama, na mchezo ulifunguka. Ni mlango tu wa kuwafikia wengine uliokuwa umefungwa.

Wenye Xbox ya kwanza waliyapata hayo mapema zaidi. Huduma yake ya mtandao ilianza Novemba 2002, ikafungwa tarehe 15 Aprili 2010. Siku hiyo wachezaji wachache wa Halo 2 waligundua kwamba aliyekuwa tayari ameingia hatolewi, mradi asizime mashine yake. Basi hawakuzima. Waliziacha mashine zikiwaka mchana na usiku, mashine ilipochemka na kukwama mmoja wao akatoka na asiweze kurudi tena, wakapungua siku baada ya siku. Wa mwisho alitoka tarehe 11 Mei 2010, karibu wiki nne baada ya mlango kufungwa. Wengine watauona upuuzi. Mimi, ambaye nimewaona watu wakibaki wameketi penye msiba baada ya maneno kwisha, kwa sababu tu hakuna anayetaka kuwa wa kwanza kuinuka, nawaelewa.

Wapo pia waliotafuta njia ya kuzunguka mlango uliofungwa. Programu iitwayo XLink Kai huifanya mashine ya zamani iamini kwamba mashine ya mbali imo katika chumba kilekile, imeunganishwa nayo kwa waya mfupi. Ni akili nzuri, lakini inadai kompyuta pande zote mbili na intaneti isiyoyumba. Nasi hapa tunaingia katika sababu ya tatu.

Sababu ya tatu ni njia. Tuchukue rafiki aliyepelekwa Texas, Marekani. Kutoka uwanda wetu hadi huko ni zaidi ya kilomita 13,000 kwa mstari ulionyooka. Mwanga ndani ya nyuzi za kioo husafiri kilomita 200,000 hivi kwa sekunde. Kwenda na kurudi, basi, hata kama pangekuwa na waya mmoja ulionyooka kutoka Sange hadi mlangoni pake, ungepita muda unaozidi sehemu moja ya kumi ya sekunde. Ni kidogo sana kwa anayetuma barua. Kwa kipa ni bao. Na waya haukunyooka: huzunguka nchi na bahari. Ongezeni umeme unaokatika, mnara wa simu unaolemewa jioni, na bei ya megabaiti. Michezo mingi ya mashine mpya hudai kwanza kupakua gigabaiti kwa makumi kabla hujapiga mpira hata mmoja.

Kuna jambo jingine ambalo kijana wa Kivu hana budi kulijua. Ndani ya mashine na simu hizi kumekuwa na vipande vidogo vya kutunza umeme vilivyotengenezwa kwa tantali, madini yanayotoka katika koltani. Mwaka 2000, mwaka uleule PlayStation 2 ilipotoka, bei ya tantali duniani ilipanda ghafla, kisha ikaporomoka mwaka 2001. Simu na kompyuta zilichangia, lakini wengi waliitaja pia mashine hiyo. Wazee wenu wanakumbuka jinsi watu walivyoacha mashamba na mifugo kukimbilia machimbo, na jinsi wenye bunduki walivyoyagombania. Tazameni basi mpangilio ulivyo: mchanga wetu huondoka kwanza, na mashine hutufikia mwisho, ikiwa imepita mikono mingi, wakati wa seva zake kuzimwa umekwisha kuwadia. Siyasemi haya ili kuwatia uchungu. Nayasema ili kijana asidhani kwamba ni ujinga wake au uzembe wake unaomzuia kumfikia mwenzake.

Sasa nije upande wa watu.

Kikundi kimoja cha vijana ninaowafahamu kilikuwa na wenzake wawili walioondoka. Mmoja ndiye huyo wa Texas, aliyehama na familia yake kwa mpango wa wakimbizi. Wa pili aliondoka Februari 2025, siku zile vita vilipofika Bukavu na hofu ikateremka uwandani. Alivuka Ruzizi na mama yake, akalala katika uwanja wa mpira wa Rugombo pamoja na maelfu ya watu wengine, kisha akahamishiwa Musenyi, mbali zaidi ndani ya Burundi. Yeye hana mashine ya aina yoyote. Ana simu ya mama yake, kwa zamu, wakati ina chaji.

Kikundi hicho kilikuwa kimeweka akiba, faranga kidogo kidogo, kutokana na kazi za mashamba ya mpunga na kubeba matofali. Wengi walitaka wanunue mashine mpya ili hatimaye wacheze na yule wa Texas. Walikuja kuniomba nihesabu pamoja nao, na tulihesabu: bei ya mashine, bei ya intaneti kwa mwezi, ada ya kuingia mtandaoni, umeme. Hesabu ilikuwa nzito, ingawa haikushindikana kabisa. Pengine kwa kujinyima mwaka mmoja wangefika.

Msichana anayetunza daftari lao ndiye aliyeuliza: "Na yule wa Musenyi?"

Hakuna aliyejibu upesi. Mashine mpya ingewaunganisha na mwenzao mwenye mashine mpya. Yule asiye na kitu ingemwacha nje zaidi kuliko mwanzo, kwa sababu sasa wote wangekuwa mahali ambapo yeye hawezi kuingia. Tuna methali isemayo kwamba asiyekuwapo na lake halipo. Hutamkwa tunapogawa chakula, tunapogawa urithi, tunapopanga kazi ya pamoja. Ni kweli, ndivyo mambo yaendavyo mara nyingi. Lakini methali hiyo yaeleza desturi tu. Haimlazimishi mtu aifuate.

Walifikia uamuzi kwa mabishano, jioni mbili nzima. Badala ya mashine moja mpya walinunua mbili za zamani zilizotumika, maneti nne, na fedha zilizobaki wakaziweka kwa salio la simu. Wakaanzisha ligi, na katika daftari wakaandika majina ya wote, waliopo na wasiokuwapo. Hapo ndipo walipobuni kitu ambacho mimi sikuwa nimekiona popote. Asiyekuwapo huchagua timu yake, huchagua wachezaji wa kuanza na namna ya kucheza, kisha hutuma maagizo yake kwa sauti katika simu. Mmoja wa waliopo humchezea. Wao huita "kuazima mikono". Mwingine hurekodi kelele za chumba kwa simu tangu mwanzo wa mechi hadi mwisho, na kumtumia. Ujumbe wa sauti hula megabaiti chache, na unaweza kungoja hata siku tatu mpaka simu ya mama ipate chaji.

Mtaona mara moja ugumu uko wapi. Anayeazima mikono anaweza kucheza ovyo. Nani atajua? Ugumu huo ulijitokeza katika mwezi wa pili. Mechi ya yule wa Musenyi iliangukia zamu ya kijana ambaye alikuwa wa pili katika ligi, na kama mwenye timu angeshinda, mwenye mikono angeshuka hadi nafasi ya tatu. Wengine walisema abadilishwe. Yeye alisema zamu ni yake na ataicheza. Alicheza, na timu aliyoazimwa ilifungwa bao moja kwa bila, dakika za mwisho.

Mnaweza kuwaza jioni hiyo ilivyokuwa. Waliomwamini walimwamini, waliomshuku walimshuku, naye hakuwa na ushahidi wowote wa kuwapa. Moyo wa mtu hauna daftari. Walimtumia mwenzao rekodi kama ilivyo kawaida yao, bila kuongeza neno. Siku ya tatu jibu likaja kutoka Musenyi, fupi: "Nimesikia alivyolia tulipofungwa. Huyo hakuniachia."

Tangu hapo wamejiwekea kanuni kwamba hakuna anayeazima mikono katika mechi ambayo matokeo yake yanamfaidi yeye mwenyewe. Kanuni ni nzuri, nami niliisifu. Lakini naona kilichowaponya jioni ile kilitangulia kanuni. Kijana aliye kambini, umbali wa safari ya siku nzima, aliitambua sauti ya mwenzake kwa sababu kwa miaka walikuwa wameketi benchi moja, wakizipokezana maneti mbili tu. Alijua mwenzake hulia vipi anapopoteza kwa kweli, na hucheka vipi anapojifanya.

Nasema haya nikiwafikiria pia wazazi wenu, ambao hawapendi kuwaona katika vyumba hivyo. Wasikilizeni. Hapa Sange chumba chenye skrini si jambo jepesi. Jioni ya tarehe 2 Julai 2010 lori la mafuta lilipinduka hapa barabarani. Watu wakakimbilia kuchota petroli, na moto ukalipuka. Walikufa watu zaidi ya 230. Miongoni mwao walikuwamo walioketi katika vibanda vya video wakitazama Kombe la Dunia. Hawakuchota hata tone, moto uliwakuta pale walipokuwa wamekusanyika kufurahi. Baadhi yenu hamkuwa mmezaliwa, na wengine mlikuwa mgongoni. Mama anayekukataza kuingia chumba chenye mlango mmoja na jenereta pembeni hana ushamba. Ana kumbukumbu. Kwa hiyo kikundi nilichokitaja huchezea katika ukumbi wenye milango miwili, kwa umeme wa jua, bila petroli karibu, na hufunga kabla ya giza. Wazazi walipoliona hilo, wawili kati yao walianza kuja kutazama, na mmoja sasa hudai kuwa refa.

Na yule wa Texas? Yeye ana mashine mpya na intaneti ya kasi. Anaweza kucheza saa yoyote na mtu yeyote wa nchi yoyote. Aliposikia habari za ligi, aliomba naye aandikwe na aazimwe mikono kama mwenzake. Jumapili saa kumi alasiri hapa, kwake ni asubuhi; hupiga simu kabla ya kwenda misani na kuuliza timu yake imefanya nini. Nilimuuliza siku moja kwa nini ajisumbue. Akanijibu: "Mwalimu, huku nikitoka mchezoni hakuna anayejua kwamba nimetoka."

Siwaambii msitamani mashine mpya. Siku mtakapoipata ifurahieni, na kama njia ya intaneti ya Sange itanyooka nitakuwa wa kwanza kushukuru. Ninachowaomba ni hiki: mnapochagua namna ya kuungana na wenzenu, iwe kwa mchezo, kwa kwaya au kwa kikundi cha simu, anzeni kwa kumuuliza mwenye kidogo kuliko wote anaweza kuingia kwa njia gani. Mwenye kingi ataifuata njia hiyo akitaka. Mwenye kidogo hawezi kuifuata njia ya mwenye kingi hata akitaka.

Juma lililopita ligi ilikuwa na majina kumi na manne. Jina la kumi na nne ni la binti aliye Bujumbura, ambaye hajawahi kushika maneti maishani mwake. Ametuma maagizo yake ya kwanza: washambuliaji wanne, na kipa asitoke golini. Anayemwazima mikono amelalamika sana, lakini atacheza hivyohivyo.

Kwa mazungumzo katika kikundi:

1. Taja mtu mmoja aliyekuwa katika kikundi chenu na sasa yuko mbali. Mara ya mwisho kumtafuta ilikuwa lini, na nani alimtafuta?

2. Ni jambo gani mnalofanya pamoja ambalo mwenzenu asiye na simu, nauli au ada hawezi kuliingia? Lingebadilishwaje ili aingie?

3. Umewahi kufanya kazi kwa niaba ya mtu asiyekuwapo, ukijua kwamba hataweza kuikagua? Uliifanyaje?